Ukikopa milioni 80 za nyumba, unarudisha ngapi?

Julai 2025, Benki Kuu ya Tanzania ilipotangaza kushusha riba yake kutoka asilimia 6 hadi 5.75, mdogo wangu alinipigia simu jioni ile ile. Ana mkopo wa miaka 20 alionunulia nyumba Dodoma mwaka 2020. "Kaka, riba ya nchi ni asilimia 5.75, mbona mimi nakatwa 15?" Nikamwambia anitumie picha ya taarifa ya mkopo wake. Ilipofika, niliona kwamba riba haikuwa jambo la kumtisha kuliko yote. Salio ndilo lililotisha.

Alikopa milioni 80. Kwa miaka mitano, kila mwezi, mshahara wake ulikatwa shilingi 1,053,000 na ushee, bila kukosa hata mwezi mmoja. Jumla alikuwa ameshalipa zaidi ya milioni 63. Salio lilisomeka karibu milioni 75 na laki tatu.

"Wameniibia," alisema.

Hakuibiwa. Namba zake nimezinyoosha kidogo hapa ili zifuatike kirahisi, lakini niliketi na kikokotoo usiku ule na hesabu ya benki ilikuwa sahihi. Kilichokosekana ni mtu wa kumweleza hesabu hiyo kabla hajasaini. Ndiyo maana naandika, kwa sababu naamini wako wengi waliosaini kama yeye, na wengine watasaini wiki hii.

Riba ni kodi ya pango la pesa

Tuanze na maneno. Mkopo wa nyumba ni fedha unayopewa kununulia, kujengea au kumalizia nyumba, na nyumba yenyewe inawekwa rehani. Rehani maana yake benki inasajili haki yake juu ya hati yako: nyumba ni yako, unaishi, unapanda maua, lakini huwezi kuiuza bila kumaliza deni, na ukishindwa kulipa benki inaweza kuiuza ili ijilipe. Fedha uliyopewa ni deni la msingi. Unacholipa kila mwezi ni rejesho. Kilichobaki kwenye deni la msingi ni salio.

Riba nayo, ukiiita kodi ya pango, utaielewa haraka. Umepanga pesa ya watu. Kadiri pesa hiyo inavyokaa kwako, unailipia pango, na pango linahesabiwa kwa kiasi ambacho bado kiko mikononi mwako. Asilimia 15 ni pango la mwaka mmoja.

Hapo ndipo penye kosa linalosikika mitaani kuliko yote. Mtu husema: milioni 80, riba asilimia 15, kwa hiyo riba ni milioni 12, nitarudisha milioni 92. Hesabu hiyo ingekuwa karibu na kweli kama angekopa leo na kurudisha zote baada ya mwaka mmoja. Yeye amekopa kwa miaka 20, na pango linalipwa mwaka wa kwanza, wa pili, wa tatu, hadi wa ishirini.

Sasa fikiria simtanki la maji limesimama uani. Maji yaliyomo ni deni lako, na kazi yako ni kulimaliza. Shida ni kwamba kila mwezi kuna bomba linalomwaga maji mapya ndani: ndiyo riba. Asilimia 15 kwa mwaka ni asilimia 1.25 kwa mwezi, na asilimia 1.25 ya milioni 80 ni shilingi 1,000,000 kamili. Wewe unachota 1,053,432. Kwa hiyo mwezi wa kwanza, kati ya milioni moja na zaidi uliyolipa, deni limepungua kwa shilingi 53,432 tu. Milioni nzima imekwenda kulipa pango la pesa.

Mwezi wa pili simtanki lina maji pungufu kidogo, bomba linaleta kidogo pungufu, na kile unachochota kinashusha deni zaidi kidogo. Tofauti hizi ndogo hukua polepole sana mwanzoni, kisha kwa kasi mwishoni. Kwa mkopo wa mdogo wangu, baada ya miaka 5 salio ni kama milioni 75.3. Baada ya miaka 10, ukiwa umeshalipa milioni 126, salio ni milioni 65.3. Baada ya miaka 15 ni milioni 44.3. Nusu ya deni haiishi hadi umeingia miezi ya mwisho ya mwaka wa 16, na nusu ya pili inamalizika ndani ya miaka minne na miezi kadhaa iliyobaki.

Ukijumlisha marejesho yote 240, unapata karibu milioni 253. Milioni 80 ni za nyumba. Milioni 173 ni za muda.

Miaka mitano ya nyongeza

Mkopo wa nyumba unauzwa kwa swali moja: rejesho la mwezi utaliweza? Ni swali la maana, na benki lazima iliulize, kwa sababu mshahara una mwisho wake. Lakini mtu akiliangalia hilo peke yake atavutwa kila mara kuelekea muda mrefu zaidi, na muda ndiyo bidhaa ya bei ghali kuliko zote kwenye mkataba ule.

Chukua mkopo ule ule wa milioni 80 kwa asilimia 15. Kwa miaka 25, rejesho ni kama 1,024,700. Kwa miaka 20, ni 1,053,400. Kwa miaka 15, ni 1,119,700. Zitazame vizuri namba hizo. Kutoka miaka 20 kwenda 25, umejipunguzia chini ya shilingi 29,000 kwa mwezi. Jumla utakayolipa imepanda kutoka milioni 253 hadi milioni 307. Yaani nafuu ya elfu 29 kwa mwezi umeinunua kwa milioni 54 na nusu.

Rudi upande wa pili. Kutoka miaka 20 kwenda 15, rejesho linaongezeka kwa 66,000 kwa mwezi na jumla inashuka hadi milioni 201 na nusu. Umeokoa milioni 51. Elfu 66 kwa mwezi si hela ndogo kwa mtu wa mshahara, sitaki kuonekana kama naidharau. Ila ni vema mtu achague akijua anachokichagua. Mdogo wangu anasema kama angeonyeshwa safu hizo mbili zikiwa kando kwa kando, angebana matumizi akachukua 15.

Kwa nini tofauti ya rejesho ni ndogo hivyo? Kwa sababu ya simtanki. Hata mkopo ungekuwa wa miaka 100, usingeweza kulipa chini ya milioni moja kwa mwezi, maana hiyo ndiyo riba peke yake. Chini ya hapo deni halishuki, linapanda. Ukiongeza muda unapunguza tu kile kipande chembamba kinachokwenda kwenye deni la msingi, na kipande hicho ndicho pekee kinachokutoa kwenye deni.

Asilimia mbili zenye jina moja

Kabla sijafika kwenye swali la Benki Kuu, kuna mtego mmoja unaonisumbua zaidi kuliko mingine, kwa sababu hauhitaji mtu kudanganya ili mwingine adanganyike. Asilimia 10 ya mkopeshaji mmoja inaweza kuwa ghali kuliko asilimia 15 ya mwingine.

Njia ya kwanza ya kuhesabu riba ni hiyo niliyoeleza: riba inatozwa kwenye salio linalopungua. Njia ya pili ni kutoza riba kwenye mkopo wote wa mwanzo, mwaka hadi mwaka, hata kama umeshalipa nusu. Ni kama umepanga nyumba ya vyumba vinne, ukarudisha viwili kwa mwenye nyumba, na bado anakudai kodi ya vinne.

Mfano: milioni 10 kwa miaka mitano, asilimia 10 kwenye mkopo wote wa mwanzo. Riba ni milioni moja kila mwaka, jumla milioni 5, rejesho 250,000 kwa mwezi. Ukitafuta ni riba gani ya salio linalopungua ingekupa rejesho hilo hilo, unapata zaidi kidogo ya asilimia 17. Mikopo ya nyumba ya mabenki kwa kawaida huhesabiwa kwa salio linalopungua, lakini mikopo mingi midogo ambayo watu hujengea, ya vikundi, ya wakopeshaji wadogo, ya dukani kwa vifaa vya ujenzi, huhesabiwa kwa njia ile ya pili. Usilinganishe asilimia na asilimia. Linganisha shilingi zitakazotoka mfukoni mwako tangu mwanzo hadi mwisho.

Basi mbona Benki Kuu imeshusha na mimi sijashushiwa?

Riba ya Benki Kuu, ambayo ilianza kutumika Januari 2024 ikiwa asilimia 5.5, kisha ikapandishwa hadi 6 Aprili mwaka huo kabla ya kushushwa hadi 5.75, si bei ya mkopo wa mwananchi. Ni dira ya riba ambayo mabenki hukopeshana yenyewe kwa yenyewe kwa siku chache. Pesa ya siku saba na pesa ya miaka 20 ni vitu viwili tofauti, kama bei ya kulala gesti usiku mmoja ilivyo tofauti na kodi ya nyumba ya familia.

Kwa benki, mkopo wa miaka 20 una tatizo lake. Fedha inayokupa ni amana za wateja, na wateja wale wanaweza kuja kesho asubuhi kuzichukua. Baada ya Benki ya Nyumba Tanzania kufungwa mwaka 1995, kwa muda mrefu mabenki machache sana yalithubutu kukopesha kwa ajili ya makazi. Ndiyo sababu mwaka 2010 ilianzishwa TMRC, kampuni inayoyapa mabenki fedha za muda mrefu ili nayo yakopeshe kwa muda mrefu. Wakati huo riba za mikopo ya nyumba zilikuwa asilimia 22 hadi 24. Zimeshuka tangu hapo, na nyingi zimekuwa zikichezea kati ya 13 na 19. Bado ni juu. Kumbuka pia kwamba hatifungani za serikali, yaani hati ambazo serikali hukopea fedha, za miaka 20 na 25 zimewahi kulipa zaidi ya asilimia 15 kwa mwaka. Benki inayoweza kuikopesha serikali kwa asilimia 15 bila kuhangaika na mnada wa nyumba haina sababu kubwa ya kukukopesha wewe kwa asilimia 9.

Jambo la kutazama kwenye mkataba wako ni kama riba ni thabiti au inabadilika. Mikataba mingi huiachia benki nafasi ya kubadilisha riba, na kifungu hicho kina uzito wa ajabu katika miaka ya mwanzo. Mdogo wangu, mwisho wa mwaka wa tatu, alikuwa na salio la milioni 77.6. Kama riba ingepanda hapo kutoka 15 hadi 17, riba ya mwezi peke yake ingekuwa karibu 1,099,000. Rejesho lake la 1,053,000 lisingetosha hata kuifunika. Ili amalize ndani ya muda ule ule angetakiwa kulipa kama 1,165,000.

Upande wa faraja: hesabu hiyo inafanya kazi pia kinyume. Kwa salio lake la sasa na miaka 15 iliyobaki, kushuka kutoka 15 hadi 13 kungepunguza rejesho kwa karibu laki moja kila mwezi. Nafuu hiyo haiji yenyewe, huombwa. Nenda na barua, uliza riba wanayopewa wateja wapya leo, na kama ya benki nyingine ni nafuu, piga hesabu ya gharama za kuhamisha mkopo kabla ya kukata tamaa au kukimbilia.

Gharama zisizoonekana kwenye rejesho

Hizi nitazipitia haraka. Kuna malipo ya awali ambayo ni lazima uwe nayo mkononi. Kuna ada ya kushughulikia mkopo, ada ya mthamini, wakili, ushuru wa stempu, usajili wa rehani kwa Msajili wa Hati. Kuna bima ya maisha, ili ukifariki deni lisiwaangukie wanao, na bima ya moto kwa nyumba, zinazolipwa mwaka hadi mwaka. Bima ya kwanza naipenda na sitamshauri mtu aikwepe. Uliza tu malipo yake yanashuka kadiri deni linavyoshuka au yamebaki kwenye mkopo wa mwanzo. Baada ya hapo kuna kodi ya pango la ardhi, kodi ya majengo inayokatwa kwenye LUKU, umeme wa kulipia kabla, tangu 2021, na kama ni fleti, mchango wa kila mwezi wa ulinzi, usafi na lifti. Bati na rangi navyo havidumu miaka 20.

Uliza pia kama ada ya mwanzo unailipa taslimu au inaongezwa kwenye mkopo. Ikiongezwa, milioni moja ya ada inakuwa milioni tatu na zaidi ukifika mwisho wa miaka 20, kwa sababu nayo inalipiwa pango kila mwezi.

Lakini shilingi ya 2040 si ya leo

Hoja hii ni ya haki na nisingependa kuifunika. Milioni moja ya mwaka wa ishirini haitanunua kile inachonunua leo. Mfumuko wa bei Tanzania umekaa karibu na asilimia 3 kwa mwaka, na ukibaki hapo, rejesho la mwisho la 1,053,432 litakuwa na thamani ya kama 580,000 za siku mkopo ulipochukuliwa. Mshahara nao huenda utakuwa umepanda. Kwa hiyo milioni 253 zote, zikipimwa kwa shilingi za siku ya kusaini, ni kama milioni 190.

Ni nafuu ya kweli. Ila milioni 190 kwa mkopo wa milioni 80 bado ni mzigo. Wanaosema "deni litaliwa na mfumuko wa bei" wamebeba hekima ya nchi na miaka ambayo bei zilipanda kwa kasi kuliko riba. Hapa riba ni 15 na bei zinapanda kwa 3. Panya anayekula deni ni mdogo, na ghala linajazwa kila mwezi.

Kupanga, kukopa, au kupandisha boma

"Kodi ya nyumba ni pesa inayopotea." Nimeisikia sentensi hii kwenye harusi, kwenye misiba, kwenye daladala. Ni kweli kwamba kodi hairudi. Riba nayo hairudi. Mdogo wangu kabla ya kukopa alikuwa amepanga nyumba inayofanana na aliyonunua kwa laki tano kwa mwezi. Mwaka wake wa kwanza wa mkopo, pango la pesa lilikuwa karibu milioni moja kila mwezi, maradufu ya pango la nyumba. Kilichomfaa hakikuwa kuepuka kodi. Kilichomfaa ni kwamba kodi za Dodoma zimekuwa zikipanda na rejesho lake limebaki pale pale, kiwanja kinapanda thamani, na hakuna mwenye nyumba atakayemwambia ahame na watoto katikati ya muhula. Hivyo vina thamani, na wengine watasema vina thamani ya milioni 173. Sibishani nao. Nataka tu namba hiyo iwe mezani wakati wanaamua.

Na sisi Watanzania tuna njia yetu ya tatu, ambayo ndiyo iliyojenga sehemu kubwa ya miji yetu: kujenga kidogo kidogo. Unanunua kiwanja, unaweka msingi, unapandisha boma, unapumzika, unapaua, unahamia kabla ya dari na vigae. Watu husema njia hii haina riba. Haina riba ya benki, kweli, lakini ina bei yake. Boma linalokaa miaka minane likinyeshewa ni milioni 20 zilizolala bila kukupa kivuli wala faida, huku ukiendelea kulipa kodi ulikopanga. Saruji na nondo za mwaka wa nane hazitakuwa kwa bei ya mwaka wa kwanza. Fundi aliyeanza kazi atakuwa amehama mji. Ukipiga hesabu kwa uaminifu, mtu anayejenga kwa miaka mitatu kwa fedha yake anamshinda mkopaji kwa mbali sana. Anayejenga kwa miaka 15 huenda hamshindi. Kati ya hapo kuna mchanganyiko ambao naona unawafaa watu wengi zaidi ya wanavyoujua: jenga mwenyewe hadi kwenye paa, kisha kopa kiasi kidogo kwa muda mfupi cha kumalizia. Milioni 20 kwa miaka mitano ni mnyama tofauti kabisa na milioni 80 kwa miaka 20.

Imani mbili za kurekebisha

Kwa ndugu zetu wa Kenya kuna imani kwamba sheria inazuia riba kuzidi mkopo, kwa hiyo mkopo wa milioni 5 hauwezi kurudisha zaidi ya milioni 10. Kifungu kipo, cha 44A katika Sheria ya Mabenki, lakini kinaanza kazi pale mkopo unapoharibika, yaani mkopaji ameacha kulipa: tangu hapo, riba inayodaiwa haiwezi kuzidi deni la msingi lililokuwepo siku hiyo. Mkopaji anayelipa vizuri kwa miaka 25 anaweza kabisa kulipa riba mara mbili au tatu ya alichokopa, na sheria haijavunjwa.

Nyingine ni kwamba mikopo inayofuata misingi ya Kiislamu haina gharama. Haina riba, na kwa Mwislamu hilo ni suala la dini ambalo halipimwi kwa kikokotoo. Lakini ina faida ya benki. Katika murabaha, benki inanunua nyumba na kukuuzia kwa bei ya juu zaidi inayojulikana siku ya kwanza. Uzuri wake ni huo: bei haitabadilika mwaka wa tatu kwa sababu ya kifungu fulani. Cha kuuliza ni hiki: nikimaliza mapema, nitapunguziwa? Kwa kuwa ni bei ya mauziano, punguzo mara nyingi ni hiari ya benki, basi liulizie mapema na upate jibu kwa maandishi.

Karatasi ya kuomba kabla ya kusaini

Inaitwa ratiba ya marejesho. Inaonyesha kila mwezi, tangu wa kwanza hadi wa 240: umelipa ngapi, riba ngapi, deni la msingi ngapi, salio ngapi. Kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kumlinda mtumiaji wa huduma za fedha zinamtaka mkopeshaji akueleze masharti na gharama kabla hujafunga mkataba, kwa hiyo huombi fadhila. Weka kidole kwenye mwezi wa 60 na usome salio. Mwenzi wako akae hapo pia, kwanza kwa sababu Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka ridhaa yake kabla nyumba ya ndoa haijawekwa rehani, na pili kwa sababu miaka 20 mtaibeba pamoja. Halafu uliza kuhusu kulipa zaidi: naruhusiwa, kuna adhabu, na nikilipa zaidi mnapunguza rejesho au muda?

Swali hilo la mwisho ndilo tulilolitumia na mdogo wangu. Kikoba cha kazini kwao kilikuwa kimevunja mwaka, naye alikuwa na milioni 6 alizotaka kununulia pikipiki ya biashara. Tukafanya hesabu mbili mezani. Akiziingiza kwenye mkopo sasa, mwaka wa tano, na rejesho likibaki vile vile, miezi 180 iliyobaki inakuwa 139. Akisubiri aziingize mwaka wa 15, atapunguza miezi 11 tu. Pesa ile ile. Milioni 6 za leo zinamwondolea marejesho 41, zaidi ya milioni 43.

Afisa wa benki alipompokea alidhani anataka rejesho lipungue, akaanza kujaza fomu hiyo. Mdogo wangu akamsimamisha, akamwambia kwa upole kwamba anataka muda upungue, rejesho libaki. Ilibidi atoke mtu wa pili, kisha wa tatu, na fomu nyingine ikatafutwa. Wiki iliyofuata alinitumia picha ya ratiba mpya. Alikuwa ameizungushia kalamu nyekundu mstari wa mwisho kabisa, na chini yake ameandika umri atakaokuwa nao mtoto wake wa kwanza mwezi huo: miaka 17, badala ya 20 na ushee.